Kuba Lisilofungwa

6 Februari

Mjomba wangu,

Shikamoo, na shikamoo nyingine ya akiba kwa siku zote nilizokawia kuandika. Mimi mzima. Kikohozi kimeniachia, na mwenye nyumba amenibadilishia kitanda, kwa hiyo siku hizi nalala kama binadamu. Jirani yetu fundi cherehani hajambo? Mwambie gauni lake nalivaa kila Ijumaa, na ofisini wakiniuliza nimelinunua wapi nawajibu halinunuliki.

Wewe na simu mmegombana tangu zamani, nami sikulaumu. Ulisema kwenye simu mtu anasema "niko salama" halafu anakata, ila kwenye barua lazima ajaze ukurasa. Haya, najaza.

Hapa ofisi ya kamusi kila mtu ana droo yake. Mimi nimepewa kipande cha herufi D. Ni kadi, Mjomba, kadi nyingi za karatasi ngumu, kila moja na neno lake la Kiingereza, na kazi yangu ni kuandika chini yake maana kwa Kiswahili cha kueleweka. Juzi msimamizi wetu, tunayemwita Mzee Miwani kwa sababu ana miwani tatu na zote huwa anazitafuta, alinirushia kadi sita zilizofungwa kwa mpira. Akasema, "Hizi ni za ukoo mmoja, usizitenganishe." Kweli zote zimetokana na neno moja la Kilatini, domus, ambalo maana yake ni nyumba tu.

Ya kwanza ni yako: dome, yaani kuba. Nilicheka peke yangu. Kumbe zamani neno hilo lilikuwa nyumba, kisha likawa nyumba ya Mungu, kisha watu wakatazama juu wakaona lile paa la mviringo, basi jina likapanda likabaki huko juu. Ya pili ni domestic, yaani ya nyumbani: kazi za nyumbani, mnyama wa kufugwa, hata safari za ndege zisizovuka mpaka wa nchi. Sasa niambie wewe mwashi, kuba ni paa au ni nyumba? Mzee Miwani anataka mstari mmoja. Nimeandika kumi na moja nikaifuta yote.

Huku mawingu yamekaa wiki ya tatu. Jana mchana nilisinzia mezani nikaliona duara letu la jua, lile linaloingia sebuleni kwa tundu la kuba. Lilikuwa ukutani juu ya kabati, linashuka polepole, nami nina miaka sita, nimelala chali sakafuni nalingoja linipandie tumboni. Nilipoamka nikatazama saa ya ofisini, nikashangaa kuona ina mishale.

Liko wapi sasa hivi? Usiache kuniandikia.

Mpwa wako, Mdadisi


27 Februari

Mwanangu Mdadisi,

Marahaba, na ile ya akiba pia nimeipokea. Barua yako imekaa njiani siku kumi na nane, sijui aliyeibeba alikuwa anapumzika kila mti. Mimi sijambo. Magoti yanalalamika lakini hayajagoma. Fundi cherehani anakusalimu, na anasema ukinenepa usimwandikie.

Duara liko kwenye mguu wa kabati, ule uliogugunwa na panya. Kwa hiyo ni saa nne, hujapitwa na kitu.

Niko kwenye kuba la chumba cha kusubiria, pale kituo cha treni. Wamenikalisha chini kwenye kiti kama bibi harusi, kazi yangu kupiga kelele tu. Vijana wanaitikia "ndiyo, Bwana Kamba" halafu wanafanya wanavyotaka. Nikiinuka kwenda kushika mwiko, wananirudisha kitini.

Umeniuliza kuba ni paa au nyumba. Swali la mtu anayefanya kazi kwa kukaa! Paa unaliweka juu ya ukuta. Kuba ni ukuta wenyewe unaoanza kuinama, tofali kwa tofali, hadi unakutana na mwenzake wa upande wa pili. Hakuna mahali utaweka kidole useme hapa nyumba imeisha, hapa paa limeanza. Andika hivyo. Mzee Miwani akikataa, aje apande ajionee.

Sasa tuje kwetu. Fundi cherehani ameniambia mkataba wako unaisha Septemba, na kuna karatasi umepewa, ukiijaza unakaa huko moja kwa moja. Mbona nasikia kwa mtu wa pembeni? Sikukatazi. Nauliza kwa sababu ya tofali. Unajua kwetu, tangu kwa babu yako, tofali la mwisho la kuba la nyumba anaweka mtoto wa nyumba hiyo. Akiweka mwingine ni kama kusema nyumba haina mtoto. Siku ile nilikuinua uliweke, ukalia, ukasema tukiziba tutaua mwezi wa mchana, ndivyo ulivyoliita duara. Mama yako, dada yangu, Mungu amrehemu, akasema mwacheni, ataliweka akikua. Umekua. Miaka ishirini na minne sasa lile tofali la mviringo linazuia mlango wa sebule, na mvua ikinyesha tunatega beseni chini ya tundu.

Unarudi kuliweka, au hurudi? Nijibu hata kwa neno moja. Si mna maneno mengi huko?

Mjomba wako, Bwana Kamba


30 Machi

Mjomba,

Shikamoo. Hujambo na magoti? Huku sote wazima. Maelezo yako ya kuba Mzee Miwani ameyakubali, ila habari ya kupanda amesema ana kizunguzungu.

Nakuletea wengine wa ukoo. Mwenye nyumba kwa Kilatini aliitwa dominus. Alipokwisha kupata nyumba akataka shamba, alipopata shamba akataka watu wote wa shambani wamtii. Ndipo likaja domain, kadi ya tatu: ardhi iliyo chini ya mkono wa mtu, na siku hizi hata uwanja wa elimu, hata jina la mahali kwenye mtandao. Ya nne ni dominion, yaani mamlaka. Ya tano itakushangaza, maana hata mimi nilidhani imepotea njia: danger. Hatari! Zamani ilikuwa ni nguvu aliyonayo yule bwana juu yako. Ukiwa chini ya mkono wake, basi uko hatarini. Nyumba ileile moja imezaa kuba la kuombea na imezaa hatari. Niliiweka kadi hiyo mbali kidogo na wenzake, halafu nikajicheka nikairudisha.

Dirisha langu linatazama ukuta wa matofali mekundu. Ungeupenda, umejengwa na mtu asiye na haraka. Nimenunua pazia la kijani. Mpangaji aliyehama ameniachia ua kwenye kopo, nalimwagilia, limeanza kuniamini. Ofisini wamenipa ufunguo wangu mwenyewe, kwa hiyo asubuhi huwa nafungua mimi, na kabla wenzangu hawajafika nakaa na droo zote zimenyamaza. Nazipenda sana saa hizo.

Habari ya karatasi tutazungumza. Mwezi huu una mambo mengi.

Duara liko wapi?

Mdadisi


2 Mei

Mdadisi,

Umenunua pazia. Mtu anayepita hanunui pazia.

Haya, tusalimiane kwanza, nisije nikaonekana sikufunzwa. Mimi mzima, jirani mzima, paka wa jirani amezaa ndani ya sanduku la vitambaa na ameachiwa sanduku lote. Duara liko katikati ya mkeka, saa sita kamili, nami nimeketi kando yake nikiandika. Nikinyoosha mguu linapanda kidole gumba.

Neno domain limenikaa. Unakumbuka ile kamba iliyonipa jina? Unapiga kigingi katikati ya sakafu, unafunga kamba, mwisho wa kamba unaweka fundo. Kila tofali unalolilaza lazima liguse fundo. Likienda mbele, kuba linavimba. Likirudi nyuma, linabonyea. Kwa hiyo mimi eneo la mtu naliona hivyo, ni pale fundo la kamba yake linapofika. Fundi hana mamlaka yoyote hapo, anafuata tu kamba.

Halafu nikahesabu. Sisi waashi tunahesabu, usidhani tumezubaa. Ulisema kadi sita. Dome moja, domestic mbili, domain tatu, dominion nne, danger tano. La sita liko wapi? Hukulitaja, wala hukusema umelisahau. Na karatasi nayo eti tutazungumza. Ulipokuwa mdogo ukivunja kikombe ulikuwa unaniletea vipande vyote isipokuwa kimoja, ukidhani nitakiona kizima.

Mwanangu, mimi si mtu wa kumshikilia mtu. Ila kukaa bila kujua kunachosha. Ukirudi nitajua, usiporudi nitajua, lakini hapa katikati nimesimama mguu mmoja.

Bwana Kamba


28 Mei

Mjomba,

Shikamoo. Mimi sijambo. Kadi ya sita iko kwa Mzee Miwani, anaipitia. Akimaliza nitakuandikia.

Karatasi bado. Wametupa hadi mwisho wa Agosti.

Nimeota tena. Safari hii duara lilitoka nje ya sebule, likashuka ngazi, likashika barabara nisiyoijua, nami nyuma yake. Kila nikitaka kulikanyaga linasogea hatua moja. Watu walikuwa wanasogea lipite, wengine walivua kofia. Tukaenda mpaka nyumba moja, duara likaingia, na kabla sijafika mlango ukaanza kujifunga taratibu, kwa sababu chini hakukuwa na kitu cha kuuzuia. Nikaamka uso umelowa na sijui nililia saa ngapi.

Samahani kwa barua fupi. Kesho kazi mapema.

Mpwa wako


9 Julai

Mwanangu,

Marahaba. Huku wote wazima. Kuba la kituo limekwisha, abiria wanasubiri chini yake.

Jaza karatasi yako. Usiniwaze mimi. Nyumba ni nyumba.

Mjomba


24 Julai

Mjomba,

Shikamoo. Sitauliza habari za jirani wala za paka. Nauliza zako.

Umeandika kwa penseli. Penseli yako ni ya kuchorea mbao. Barua unaandika kwa kalamu ya wino wa buluu, tangu sijajua kusoma. Nilikaa na hiyo mistari yako nusu siku nzima. Mwisho nikajilaza chali kitandani, nikainua daftari juu, nikajaribu kuandika kwa kalamu. Mstari wa tatu wino ukagoma. Kalamu haiandiki ikitazama juu. Umelala wapi, Mjomba, na kwa nini huwezi kukaa? Na duara liko wapi? Hujawahi kuniandikia bila kuniambia. Nyumba ni nyumba ndiyo nini? Hayo si maneno yako, ni maneno ya mtu anayefunga mazungumzo.

Najua sina uso wa kudai ukweli, maana mimi ndiye niliyeanza kudanganya. Kadi ya sita haijawahi kwenda kwa Mzee Miwani. Iko kwenye droo yangu, chini ya kopo la majani ya chai. Neno lenyewe ni domicile. Watu wanadhani ni mahali unapoishi. Siyo tu hapo. Kwenye sheria ni mahali unapopahesabu kuwa ndiko kwako. Unaweza kuwa mbali miaka ishirini, una pazia, una ufunguo, una ua kwenye kopo, lakini kama kule ndiko unakonuia kurudi, basi domicile yako ni kule. Na ndilo neno lililoko kwenye ile karatasi, ukurasa wa mwisho, mstari mmoja mtupu. Nikiandika anwani ya huku, napewa ukaaji wa kudumu. Nikiandika ya kwetu, nitapewa mwaka mmoja mmoja, na kila mwaka niombe upya.

Nataka kubaki, Mjomba. Naona aibu kuandika, ila ndiyo hivyo. Naipenda kazi hii, nayapenda haya maneno, na asubuhi nikifungua ofisi najisikia mtu. Halafu nikishika kalamu kuandika anwani ya huku naliona duara linapanda mkeka, na mkono unakufa. Miezi sita nimeshindwa kuandika maana ya neno moja, nami nalijua kuliko yote.

Niambie ukweli hata ukiwa mchungu. Nimekwambia wangu.

Mdadisi


11 Agosti

Mwanangu Mdadisi,

Marahaba. Duara silijui liko wapi. Hapa dari ni bapa, taa inawaka mchana kutwa, na saa tunaijua kwa sahani zinavyogongana. Niko wodi ya mifupa, kitanda cha pili kutoka mlangoni, wiki ya saba. Ni nyonga. Daktari anasema imeshika vizuri, na kuanzia juzi nimeruhusiwa kukaa, ndiyo maana leo unaona wino wa buluu. Umenikamata kwa kalamu! Nilimsomea fundi cherehani barua yako, akasema wewe ungekuwa askari hakuna mwizi angelala.

Ilikuwa hivi. Ndoto yako niliisoma mara tatu. Nikasema, mtoto anaomba ruhusa na hajui aombeje. Nikawaza, nikiliweka tofali mimi mwenyewe mambo yataisha. Hutakuwa na kinachokungoja huku, utajaza karatasi yako kwa moyo mweupe. Basi nikalitoa mlangoni, nikaegemeza ngazi, nikapanda nalo kwapani. Mzee mzima, magoti haya haya!

Nilifika. Nikapiga magoti pembeni ya tundu, nikainama kuipaka chokaa ile pete ya matofali, nikachungulia ndani. Sebule yote ilikuwa giza. Mkeka sikuuona, kabati sikuliona. Nikajiuliza duara limekwenda wapi saa saba mchana. Kumbe kichwa changu ndicho kilichokuwa kinaliziba. Mwanangu, nilishtuka. Sijawahi kuiona nyumba yangu hivyo, tangu niijenge. Nikajivuta nyuma haraka ili mwanga upite, nikasahau kwamba nyuma yangu hakuna kitu. Tofali lilitangulia. Lenyewe limevunjika vipande viwili, mimi nimevunjika mahali pamoja tu, kwa hiyo nimelishinda.

Sikukuandikia kwa sababu nilijua ungeacha kila kitu ukaja, na ungekuja kwa ajili ya nyonga. Sikutaka hivyo.

Sasa nikutolee siri ya kazi, niliyokuficha tangu una miaka sita. Nilikwambia tofali la mwisho ndilo linaloshikilia kuba zima. Uongo mtupu. Nilitaka ujione mkubwa. Kuba linashikwa na ile pete inayozunguka tundu. Matofali yake yanasukumana, kila moja linamzuia mwenzake, hakuna linaloweza kuanguka. Limesimama miaka ishirini na minne bila tofali lako na litasimama mingine. Kwa hiyo usiandike chochote kwenye mstari ule kwa ajili ya kunishikilia mimi. Sikuanguka kwa sababu haupo. Nilianguka kwa ujinga wangu.

Niliposoma kwamba unataka kubaki, nililia kidogo. Mgonjwa wa jirani akajifanya amelala. Halafu nikafurahi kwamba umesema. Mbona ulikaa nalo peke yako miezi yote hiyo, mama?

Bwana Kamba


25 Agosti

Mjomba wangu,

Shikamoo, na nyingine ya akiba kwa nyonga. Nimelia, nimecheka, nimekasirika, sasa nimetulia. Ukipanda tena mahali popote palipo juu kuliko kitanda, nitamwandikia daktari.

Nimejaza. Kwenye ule mstari nimeandika mtaa wetu, nikaandika namba ya nyumba, na nafasi ilipobaki nikaongeza: yenye duara. Karani akauliza duara ndiyo nini, nikamwambia ni saa yetu. Akanionya kwamba kwa jibu hilo ni mwaka mmoja mmoja, na kila Agosti nitasimama tena hapa dirishani kwake. Nikamwambia sawa, tutazoeana. Sikuandika hivyo ili kukushikilia. Ulivyoniambia kwamba kuba limesimama siku zote hizi bila mimi, mkono wangu ukafunguka, na kalamu ilipogusa karatasi ikaandika kwetu. Ndiyo maana ya neno, Mjomba, na kazi yangu ni kuandika maana. Kadi ya sita niliijaza asubuhi hiyohiyo. Mzee Miwani ameisoma kwa miwani zote tatu, hakufuta kitu.

Wamenipa likizo ya wiki sita. Nafika tarehe 20 Septemba, nakuja wodini moja kwa moja na mzigo wangu, na siku watakayokuruhusu tunatoka pamoja. Baada ya hapo nitarudi kazini, halafu nitakuja tena, halafu nitarudi tena. Kamba yangu ni ndefu kuliko ulivyodhani.

Vile vipande viwili vya tofali mtu asivitupe. Kimoja kirudishwe mlangoni. Kingine nitaondoka nacho, pazia langu linapepea mno likikosa uzito.

Tundu hatuzibi. Fundi cherehani anaandika kwamba mvua zinakaribia. Mwambie beseni aliache palepale.

Mdadisi wako